Kutoka Kiserbia hadi Kiswahili kwa Kupitia Kiingereza

Mwezi wa pili wa maisha yangu Belgrade, mji mkuu wa Serbia, niliugua koo. Mfamasia alinipa pakiti ya antibayotiki na juu yake akaandika kwa kalamu maneno matano: jedna tableta na osam sati. Nilipofika chumbani nilifungua simu, nikaingia katika kamusi ya bure ya Kiserbia na Kiingereza niliyokuwa nikiitegemea kwa kila jambo, nikayatafuta maneno yale moja baada ya jingine. Jedna ni moja, tableta ni kidonge, osam ni nane. Sati sikuhitaji hata kuitafuta, kwa sababu sat ya Waserbia na saa yetu ni watoto wa neno moja la Kiarabu, wao wakiwa wamelipokea kwa Waturuki na sisi kwa wageni wa Bahari ya Hindi. Likabaki na, ambalo kamusi ililitolea tafsiri zinazolingana na juu ya, kwenye na katika. Nikayaunga yote, nikapata kidonge kimoja saa nane kwa hesabu ya wenyeji, yaani saa mbili kwa hesabu yetu. Kwa siku tatu nikameza kidonge kimoja tu kwa siku, ifikapo saa mbili usiku, na homa haikushuka.

Niliporudi dukani kwake, mfamasia alinyoosha kidole kwenye saa ya ukutani akaonyesha mduara kutoka nane hadi nne, kisha kutoka nne hadi kumi na mbili. Na osam sati maana yake ni kila baada ya saa nane, mara tatu kwa siku. Kama angetaka nimeze dawa wakati fulani maalumu, angeandika u osam sati.

Nimeanza na kisa hiki kwa sababu kamusi ile haikuwa imekosea hata neno moja. Kila tafsiri iliyonipa ilikuwa sahihi, na bado nilikunywa dawa vibaya. Tangu siku hiyo nimekuwa nikiitumia kila siku, sokoni, hospitalini, darasani na katika ofisi za serikali, nami ninaishukuru kwa dhati. Lakini naitumia kwa namna tofauti kabisa na nilivyoitumia mwanzoni, na hayo ndiyo ninayotaka kuwaandikia wenzangu mnaojiandaa kuja huku kwa masomo.

Mimi ni mtu wa Tanga, na nilikuja Serbia kwa ufadhili wa programu iitwayo Svet u Srbiji, inayowapokea wanafunzi kutoka nchi za Harakati ya Kutofungamana na Upande Wowote, zile ambazo viongozi wake walikutana hapa hapa Belgrade mnamo Septemba 1961. Mwaka wa kwanza ni wa kujifunza lugha, na baada ya hapo masomo yote hufundishwa kwa Kiserbia. Kamusi iliyokuwa mkononi mwangu ilikuwa ya Kiserbia na Kiingereza, hivyo kila neno lilipaswa kuvuka mito miwili kabla ya kunifikia: kutoka Kiserbia hadi Kiingereza, kisha, kichwani mwangu, kutoka Kiingereza hadi Kiswahili.

Kazi ya kwanza ni kulipata neno lenyewe. Nomino ya Kiserbia hubadilika mwisho wake kulingana na kazi inayofanya katika sentensi, na hali hizo ziko saba, katika umoja na katika wingi, ilhali kamusi huorodhesha hali moja tu, ile ya kiima katika umoja. Kwa mgeni wa Kiingereza jambo hili ni mzigo, lakini kwa anayekijua Kiswahili si geni hata kidogo, kwani tangu utotoni tunajua kwamba watoto hawatafutwi kwenye herufi ya w bali chini ya mtoto, na kwamba hawakutupikia lazima livuliwe viambishi vyote hadi ibaki -pika. Tofauti ni kwamba sisi hubadilisha zaidi mwanzo wa neno, nao hubadilisha mwisho. Kwa kamusi ya kuchapa kwenye simu, hiyo ni nafuu kubwa, maana ukiandika herufi tatu au nne za mwanzo tayari orodha ya maneno ya karibu inajitokeza na mzizi unaoutafuta huwa humo. Shida huja pale mwanzo nao unapotikisika. Nilikutana na psa katika tangazo la mlangoni, nikatafuta chini ya ps nisipate kitu, kwa sababu msingi wake ni pas, yaani mbwa, na ile a huanguka neno linapobadilika. Vivyo hivyo oca ni otac, baba mzazi, na posla ni posao, kazi. Ruci, kwa upande wake, inatokana na ruka, mkono, ambapo k imegeuka c. Nilichukua wiki kadhaa kuzoea mageuzi haya, na hakuna njia ya mkato niliyoiona isipokuwa kutumia Wiktionary, kamusi huria ya mtandaoni, pamoja na kamusi ya kawaida, kwa sababu humo neno likishapatikana huja na jedwali la hali zake zote saba, na hata alama za mkazo, ambazo maandishi ya kawaida hayazionyeshi kamwe. Alama hizo si pambo: grad ikitamkwa kwa irabu ndefu ni mji, na ikitamkwa kwa irabu fupi ni mvua ya mawe. Mwangalie tu kwamba huko Kiserbia kimewekwa pamoja na lugha ndugu zake chini ya jina moja la Kiserbokroatia, hivyo mtu anaweza kuchukua kruh akadhani ndilo neno la mkate la Belgrade, ilhali hilo ni la Kroatia na hapa duka la mikate litakuuzia hleb.

Kisha kuna herufi. Kiserbia huandikwa kwa alfabeti mbili, ya Kilatini na ya Kisirili, kila moja ikiwa na herufi thelathini. Katiba ya mwaka 2006 inaitaja ile ya Kisirili kuwa ya matumizi rasmi, kwa hiyo barua za ofisi na hati huja kwa herufi hizo, ilhali matangazo ya biashara na ujumbe wa simu mara nyingi huandikwa kwa Kilatini. Mtego mkubwa ni herufi za Kisirili zinazofanana na zetu kwa sura na kutofautiana kwa sauti: В ni v, Н ni n, Р ni r, С ni s na Х ni h. Anayeyaona maandishi РЕСТОРАН na kuyaandika katika kamusi kama anavyoyaona hatapata chochote. Yanasomwa restoran, nawe umefika mgahawani. Nawashauri kuweka kibodi ya Kisirili kwenye simu siku ya kwanza kabisa. Na kwa upande wa Kilatini, msipuuze vijialama vya juu ya herufi. Waserbia wenyewe wakiwa na haraka huviacha, na maandishi hayo huyaita ošišana latinica, Kilatini kilichonyolewa, lakini wao wanajua neno lililokusudiwa na mgeni hajui. Kuća ni nyumba, kuca ni anabisha mlango. Sesti ni kuketi, šesti ni wa sita.

Ukishazishika herufi, kusoma ni rahisi, na hapa ninamkumbuka Vuk Karadžić kwa heshima. Mwaka 1818 alichapisha kamusi yake ya Kiserbia huko Vienna, na kwa tahajia aliyoijenga kila sauti ilipata herufi yake, ndiyo maana sisi tuliozoea kusoma neno kama lilivyoandikwa tunajisikia tuko nyumbani. Kilichonigusa zaidi ni kwamba katika kamusi hiyo maneno ya Kiserbia yalielezwa kwa Kijerumani na Kilatini. Hata msingi ule wa kamusi za lugha hii, basi, ulipitia lugha za watu wengine.

Yapo maneno ambayo Mswahili huyatambua kwa sura na kujikuta mahali pengine kabisa. Ruka, kama nilivyosema, ni mkono. Kosa ni nywele. Baba ni bibi kizee. Zima ni majira ya baridi, mali ni mdogo, pita ni chakula cha tabaka za unga mwembamba kilichojazwa jibini au mboga, kula ni mnara, na uzima ni kitenzi chenye maana ya anachukua. Haya hayakunisumbua sana, kwa sababu maana zake ziko mbali mno na zetu hata kichwa hakiwezi kuyachanganya kwa muda mrefu, na kamusi huyanyoosha mara moja.

Yaliyonisumbua ni yale ambayo Kiingereza kilijiweka katikati. Mwalimu wetu alipopanga safari ya Novi Sad alisema tukutane kituoni u pola osam. Kamusi ilinipa nusu kwa pola na nane kwa osam, nami katika Kiingereza cha Waingereza nilichofundishwa shuleni nusu na nane zikikaa pamoja humaanisha saa mbili na nusu kwa hesabu yetu. Kwa Waserbia pola osam ni nusu ya kuelekea nane, yaani saa moja na nusu. Nilifika kituoni basi likiwa limeondoka saa nzima iliyopita. Laiti ningaliacha Kiingereza nikaitazama saa tu, ningaliuliza.

Bibi mwenye nyumba niliyopanga aliniambia mara nyingi nifunge dirisha kwa sababu ya promaja. Kamusi ilinipa neno moja la Kiingereza ambalo mimi, kwa uzoefu wa darasani, nililijua kwa maana ya rasimu ya maandishi, na kwa siku nzima nilijiuliza rasimu na dirisha vina uhusiano gani. Promaja ni ule mkondo wa hewa unaopita chumbani pakiwa na matundu mawili yanayotazamana, na wazee wa hapa huuogopa kwa dhati, wakiamini unaleta maumivu ya shingo, ya masikio na ya mgongo. Tangu hapo nimejiwekea desturi ya kurudia njia: nikipata tafsiri ya Kiingereza, nalichukua neno hilo na kulitafuta upya kwa upande wa pili, kutoka Kiingereza kwenda Kiserbia. Likirudi na maneno matano yasiyofanana, najua kwamba Kiingereza kimebeba mizigo mingi katika kikapu kimoja na sijapata bado ninachokitafuta.

Somo gumu kuliko yote lilikuwa la neno pole. Ilikuwa Februari, barafu imeganda njiani, na mama mmoja wa makamo akateleza mbele yangu karibu na kituo cha tramu. Nilitaka kumpa pole, kama mtu yeyote wa kwetu angefanya kabla hata hajafikiri. Kiingereza kina neno moja, sorry, linalobeba pole na samahani pamoja, na kamusi iliponitafsiria neno hilo nilikuwa nimeshika lile la kwanza katika orodha: izvinite. Nikamwambia hivyo huku nikimshika mkono. Akaniangalia kwa mshangao, akaniambia, Zašto, nisi ti kriva. Yaani, kwa nini, wewe huna hatia. Izvinite ni kuomba radhi kwa kosa ulilotenda. Kwa aliyeanguka Waserbia huuliza kwanza Jeste li dobro, kama yuko salama. Kwa aliyepatwa na jambo la kusikitisha husema Žao mi je. Na kwa aliyefiwa husema Moje saučešće. Pole yetu imegawanyika sehemu nyingi, na ile ya kumpa mtu aliyetoka kazini au anayebeba mzigo sijaisikia hapa. Bado huwa nahisi kinywa kikiwa kitupu ninapopishana ngazini na jirani mwenye mifuko mizito. Humsaidia tu kubeba.

Lakini kuna upande mwingine, na huo ndio ulionifanya niipende kazi hii ya kutafsiri. Desemba bibi mwenye nyumba alinialika kwa maneno Dođi nam na slavu. Nikaivua slavu hadi slava, na kamusi ikanipa utukufu, umaarufu, sherehe. Slava ni sikukuu ya mtakatifu mlinzi wa ukoo, inayorithiwa kizazi hadi kizazi, na mwaka 2014 UNESCO iliiingiza katika orodha yake ya urithi wa utamaduni usioshikika. Ya kwao ilikuwa ya Mtakatifu Nikola, tarehe 19 Desemba, na kwa kuwa siku hiyo huangukia ndani ya mfungo wa kabla ya Krismasi yao, mezani palikuwa na samaki, maharage na mkate wa sherehe, bila nyama wala maziwa. Nilipoingia nilipewa kijiko cha žito. Kamusi inasema hiyo ni nafaka, na ni kweli, lakini siku ile ni ngano iliyochemshwa na kusagwa pamoja na sukari na jozi, ambayo kila mgeni huionja kabla ya lolote.

Mlangoni nilikaribishwa kwa izvoli. Neno hili, na lile la heshima izvolite, limejaza karibu nusu ya ukurasa katika kamusi: ingia, jihudumie, tafadhali, nikusaidie nini, chukua. Kwa Kiingereza kila matumizi yanahitaji maneno yake. Niliposoma orodha hiyo nilicheka kwa furaha, maana sisi tunalo neno lake: karibu. Muuza mboga wa soko la Kalenić anayesema izvolite anakwambia karibu mteja. Mhudumu wa mgahawa anakwambia karibu, uagize. Mwenye nyumba anakwambia karibu ndani, kisha karibu chakula. Inabaki sehemu moja tu ambapo karibu haifiki, nayo ni pale mtu anapokukabidhi kitu mkononi, ambapo sisi tungesema haya, shika.

Katika slava hiyo hiyo nilitambulishwa kwa ndugu. Kiingereza kina neno moja kwa ujak, stric na teča, na kamusi iliyatafsiri yote matatu vilevile. Ujak ni mjomba, ndugu wa mama. Stric ni ndugu wa baba, ambaye Tanga tungemwita ami au baba mkubwa na baba mdogo. Teča ni mume wa shangazi au wa mama mdogo. Ujna ni mkaza mjomba, neno ambalo Kiingereza hakina kabisa. Si kila mahali tunalingana, kwani tetka yao ni shangazi na mama mdogo kwa pamoja, nao huwatenganisha wakwe wa upande wa mume na wa upande wa mke, svekar na tast, mahali ambapo sisi tunatosheka na mkwe. Hata hivyo jioni ile nilielewa ukoo mzima bila kuulizia mara mbili, kwa sababu nilikiweka Kiingereza pembeni.

Bibi huyo huniita sine. Kamusi haikuwa na neno hilo, kwa kuwa ni hali ya kuita. Nilipofika kwenye sin nikakuta mtoto wa kiume, na mimi ni mwanamke. Waserbia wazee huwaita hivyo watoto wote kwa mapenzi, wa kike kwa wa kiume. Nani miongoni mwetu hajasikia mama akimwita mwanawe mchanga baba, au bintiye mama? Sikuhitaji maelezo zaidi.

Na kuna inat. Waserbia hulitaja neno hili kama sehemu ya tabia yao, na kamusi hulipa tafsiri ya chuki ndogo au ukaidi, tafsiri ambazo wao wenyewe hawaridhiki nazo, kwa kuwa inat ni kushikilia jambo kwa makusudi ili usimpe mwenzako ushindi, hata kama wewe ndiwe utakayeumia. Nililisoma neno hilo kwa sauti, nikamsikia bibi yangu wa Pangani akimkemea mjomba kwa kufanya inadi. Ni neno lile lile la Kiarabu. Moja limepanda kwa Waturuki hadi mto Danube, jingine limevuka bahari hadi pwani yetu, kama sapun na sabuni, sanduk na sanduku, na hata bakšiš na bakshishi, ambalo asili yake ni Kiajemi.

Kwa hiyo sasa ninalo daftari la safu tatu. Safu ya kwanza ni neno la Kiserbia pamoja na sentensi nililolikuta ndani yake, kwa sababu na na u zilinifundisha kwamba vihusishi vidogo havitafsiriwi vikiwa peke yake. Safu ya pili ni tafsiri ya kamusi. Safu ya tatu ni Kiswahili, na siijazi siku ile ile. Nasubiri nilisikie neno likitumika mahali pengine mara mbili au tatu. Vitenzi huviandika kwa jozi, učiti na naučiti, kwa kuwa kamusi huvipa vyote maana ya kujifunza, ilhali cha kwanza ni nilikuwa nikijifunza na cha pili ni nimeshalijua. Karatasi za ofisini huziuliza kwanza kwa mwenyeji, kwani beli karton katika kamusi ni kadibodi nyeupe, na katika maisha ya mgeni hapa ni hati ya kuandikisha anwani yake polisi.

Hadi leo mstari mmoja katika safu ya tatu haujapata neno. Mbele ya promaja nimeandika tu upepo unaopita kati ya dirisha na mlango. Kama kwenu, Lamu, Unguja, Bukavu au kokote, upepo huo una jina lake moja, niandikieni, nimpelekee na bibi wa hapa, maana ameniuliza mara mbili.